Kuokoka si Kuridhiwa



Twasikia watu wakisema: "Fulani ameepushwa na mauti, basi Mungu yu pamoja naye." Neno hili yatupasa kulipima.

Mwaka 1926 Mussolini, mtawala wa Italia, alipigwa risasi mjini Roma, ikampitia puani tu. Akatupiwa bomu, likamkosa. Akapigwa risasi tena Bologna, asidhurike. Wafuasi wake wakanena kuwa ahifadhiwa na Mungu. Naye akavipiga marufuku vyama vya wapinzani na kurudisha adhabu ya kifo. Mwaka 1935 akaishambulia Uhabeshi, askari wake wakawamwagia watu gesi ya sumu.

Kumbe alipewa muhula, hakupewa radhi. Februari 1941 majeshi ya Waingereza, yakipitia Garissa yetu hii, yaliutwaa Kismayu; na tarehe 28 Aprili 1945 akauawa na Waitalia wenziwe.

Basi tusimsifu dhalimu kwa sababu yu hai. Nasi tuokokapo na maradhi au ajali ya njiani, tusijione wema. Tujiulize ni haki ya nani tuliyobakishiwa umri tuirudishe.

Mwenyezi Mungu atujaalie toba kabla ya muhula kwisha. Amin.