Aliyesikia na Aliyesoma

Mwaka 1994 nilitoka Laela kwenda Sumbawanga kutoa ushahidi katika kesi ya kuvunja duka. Nilipanda lori la mahindi alfajiri, katika ile baridi ya Julai ambayo kila mtu wa Ufipa anaijua. Mwendesha mashtaka aliniuliza kama mtu niliyemwona usiku ule kwenye mbalamwezi ndiye yule aliyesimama kizimbani. Nilimtazama kijana yule. Nikanyamaza. Nikamtazama tena, ndipo nikasema, "Ndiye."

Hakimu aliniangalia kwa muda, kisha akaandika. Aliandika kwa Kiingereza, kama ilivyokuwa desturi.

Kabla kesi haijaisha, hakimu huyo alihamishwa. Mwingine akalipokea jalada, akawasikiliza mashahidi waliobaki, akamtia kijana hatiani. Mimi sikuitwa tena. Habari hizo nilizipata sokoni Laela kwa mama yake. Hakunilaumu. Alisema tu, "Mwalimu, yule aliyekusikia siye aliyemfunga mwanangu."

Maneno hayo yamenifanya nisome sheria, mimi nisiye mwanasheria. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985, katika kifungu cha 214 kama kilivyotungwa, ilimruhusu hakimu wa pili kuendelea na kesi na kuutumia ushahidi ulioandikwa na mwenzake. Akiona ni lazima, aliweza kuwaita mashahidi upya na kuanza tena. Akiona! Uamuzi uliwekwa mikononi mwa mtu ambaye hakuwapo. Kwa jirani zetu wa Kenya, mshtakiwa ana haki ya kudai shahidi aitwe tena, na hakimu mpya ana wajibu wa kumweleza haki hiyo.

Sisemi kwamba sheria yetu ilitungwa bila huruma. Hakimu ni binadamu: huhamishwa, huugua, hufa. Mzee aliyepanda mlima kutoka Bonde la Rukwa kuja kutoa ushahidi, je, aitwe kila anapokuja hakimu mpya? Mashahidi husahau, wengine huzikwa, na mshtakiwa huendelea kuozea mahabusu. Haki inayocheleweshwa nayo huumiza.

Mahakama ya Rufani ya Tanzania imesisitiza mara kadhaa kwamba sababu za kesi kubadili mikono ziandikwe katika jalada. Ni jambo jema. Lakini sababu za kuondoka kwa hakimu ni kitu kimoja, na macho aliyoondoka nayo ni kitu kingine. Sheria hiyohiyo ilimtaka hakimu aandike jinsi shahidi alivyoonekana, kama anaona jambo hilo ni la maana. Sijui kama kimya changu kiliandikwa. Neno "ndiye" likiandikwa peke yake huonekana imara kama jiwe. Lilipotoka kinywani mwangu lilikuwa likitetemeka.

Kwa hiyo nashikilia hili: hakimu anayerithi kesi, hata pale ambapo sheria haimlazimishi, amgeukie mshtakiwa na kumwuliza, "Yupo shahidi ambaye ungependa nami nimsikie?" Swali hilo halichukui dakika mbili. Mara nyingi jibu litakuwa hapana, na kesi itaendelea. Jibu likiwa ndiyo, hakimu atapima uzito wake akijua kwamba anapima kitu ambacho karatasi haikumpa.

Lakini nisimalizie lawama kwa mahakimu. Shahidi alikuwa na haki ya kusomewa ushahidi wake na kutoa maoni juu yake. Mimi sikuomba; nilikuwa nikiwahi lori la kurudi. Hakimu wa pili hakuona kusita kwangu kwa sababu hakuwapo. Mimi nilikuwapo, nilijua nimesita, na nilinyamaza.