Uwajue Watu Kwanza

Mwanangu, nimesikia unataka kwenda Dar kufanya kazi ya kutafuta waigizaji wa filamu. Sikukatazi. Ila kaa kwanza, unywe chai.

Wengi hudhani kazi hii ni kukaa nyuma ya meza na kusema wewe unafaa, wewe hufai. Mwenye kauli ya mwisho ni mwongozaji. Wewe unausoma mswada mpaka ujue kila mhusika anaongeaje na mikono yake imezoea kushika nini. Kisha unampelekea watu watatu wanne, achague. Akimchukua yule ambaye moyo wako haukumtaka, unanyamaza na kuanza kupanga ratiba na malipo.

Na anayefaa mara nyingi hayuko kwenye foleni ya usaili. Madina Nalwanga, binti aliyeigiza mchezaji chesi Phiona Mutesi katika filamu Queen of Katwe ya 2016, alionekana kwenye mazoezi ya ngoma Kampala. Filamu alikuwa hajawahi kuigiza. Katika The First Grader ya 2010, kisa cha mzee Maruge wa Kenya aliyeanza darasa la kwanza akiwa na miaka 84, wale watoto wa darasani walikuwa wanafunzi hasa wa shule ya kijijini. Kuna mtu alitoka akawafuata huko.

Mimi, nilipoifanya kazi hii, sikutoka. Tulikuja kupiga picha huku kwetu, tukitaka mama wa Kinyaturu anayepepeta mtama. Nikamleta dada mzuri kutoka Dar, niliyemchagua kwa picha tu. Aliposhika ungo, makapi yote yakamwingia machoni. Pembeni alisimama mama aliyetuletea uji, anacheka kimyakimya. Akauchukua ule ungo, akautikisa mara mbili, akaupuliza, punje zikabaki safi. Mwongozaji akaruka: huyo huyo! Mama akasema hawezi, ana mbuzi wa kurudisha. Tukakaa chini ya mti mpaka mbuzi wakaingia zizini. Jua lilikuwa limezama, siku imepotea, na bosi wangu hakunisemesha njia nzima. Laiti ningefika wiki moja mapema, nikakaa na wale akina mama, nikajua nani ana mifugo na nani ana nafasi.

Kwa hiyo usiniulize lini utaanza. Nenda stendi ya Misuna asubuhi, basi za Dar zikipakia. Mwangalie muuza kuku anavyobishana bei huku kuku wananing'inia mkononi, wala hawaangalii. Ukiona mtu amekukaa moyoni, mwamkie, mwambie unachofanya, omba jina na namba ya simu. Andika anajua lugha gani. Siku moja watataka mzee anayesema Kinyiramba bila kigugumizi, na wewe utakuwa naye daftarini.

Ukipata nafasi TaSUBa, chuo cha sanaa pale Bagamoyo, nenda ujifunze kuigiza hata kama huna nia ya kuigiza, maana utakaa siku nzima ukiwasomea wanaosailiwa maneno ya upande wa pili. Sifa usizitegemee. Tuzo za Oscar zilianza 1929, lakini ya kazi hii waliitangaza 2024, kwa filamu za kuanzia 2025.

Hili nalisema mara moja tu. Usaili ni mchana, mlango wazi, na mtu wa pili chumbani. Mtoto aje na mzazi. Atakayekuambia mabinti hupata nafasi kwa njia nyingine, mkimbie. Hiyo ni rushwa ya ngono, na kifungu cha 25 cha sheria ya rushwa ya 2007 kinaitaja.

Waliokosa wapigie wewe mwenyewe, usiwaache wasubiri simu isiyokuja. Wapo watakaokutukana. Wasikilize mpaka wamalize, kisha uliza kama namba yao ni ile ile, maana filamu nyingine itakuja.