Sura na Kura
Tuvukapo mto Rufiji pale Ndundu, juu ya Daraja la Mkapa lililofunguliwa mwaka 2003, twategemea nguzo zilizozama majini, si uzuri wa kingo. Mbona mbele ya sanduku la kura twaisahau busara hiyo, tukachagua kanzu na tabasamu?

Katika uchaguzi wa mwaka 1965, wagombea walihutubia pamoja mikutano iliyoandaliwa na chama, ili fahari ya mtu isiwapumbaze wananchi. Wakapewa alama za jembe na nyumba. Lakini alama nayo ina sura: jembe humwita mkulima kabla hajamsikia alibebaye.

Uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti. Macho yawe shahidi, yasiwe hakimu. Tumuulize mgombea: ulitutendea nini tulipokuwa hatukutazami?