Shahidi wa Kuzaliwa: Cheti cha Asili na Mzigo wa Kuthibitisha

Utangulizi

Hakuna binadamu aliyeshuhudia kuzaliwa kwake. Hali hii, ijapokuwa ni ya kawaida mno hata haitajwi, ndiyo inayolipa suala la cheti cha asili uzito wake wa kimaadili. Anayedai kuwa ni wa ukoo, kabila au tabaka fulani hana budi kuazima ushahidi wa wengine: wazazi, wazee, karani wa serikali. Makala haya yanajadili swali moja: asili ya mtu inapotiliwa shaka, ni nani anayepaswa kubeba mzigo wa kuthibitisha, na kwa ushahidi wa namna gani?

Jina na Ardhi

Awendo, katika Kaunti ya Migori, ni mahali panapolidhihirisha swali hili. Wadi zake zote nne zinabeba jina la Sakwa, na jina hilohilo linapatikana ng'ambo ya Ghuba ya Winam, huko Bondo. Jina limesafiri pamoja na watu. Kiwanda cha sukari kilichoanzishwa hapo mwishoni mwa miaka ya 1970 nacho kimewavuta watafuta kazi wa asili mbalimbali. Upande wa ziwani wako Wasuba, ambao mapokeo yao yanawahusisha na Uganda, na ambao wengi wao leo huzungumza Kidholuo. Kidholuo chenyewe humtenga *wuon lowo*, mwenye ardhi, na *jadak*, mkaazi aliyekaribishwa. Jadak aweza kulima na kuzaa wajukuu mahali hapo, na bado siku ya ugomvi akakumbushwa kuwa ni mgeni. Basi lugha imekwisha kutunga hukumu kabla baraza halijaketi.

Kutoka na Kuingia

Kenya haina vyeti vya tabaka, lakini mahakama zake zimewahi kuihukumu asili. Wakili S. M. Otieno alifariki tarehe 20 Desemba 1986. Mjane wake, Wambui Otieno, alitaka kumzika karibu na Nairobi. Ukoo wa Umira Kager ulidai azikwe Nyalgunga, Siaya. Upande wa mjane ulimchora marehemu kuwa mtu wa kisasa, aliyefunga ndoa ya kiserikali na kumpenda Shakespeare. Upande wa ukoo uliita mashahidi wa mila, akiwamo mwanafalsafa Henry Odera Oruka wa Chuo Kikuu cha Nairobi. Tarehe 15 Mei 1987 Mahakama ya Rufani iliupa ukoo ushindi. Ilishikilia kwamba Mkenya Mwafrika hana njia ya kujivua kabila la babake ikiwa mila za kabila hilo hufuata nasaba ya kiumeni. Kwa hukumu hiyo, namna marehemu alivyoishi haikuweza kuibatilisha namna alivyozaliwa.

Huko India, ambako cheti cha tabaka au cha kabila hufungua mlango wa nafasi za masomo na kazi zilizotengewa waliodhulumiwa, kosa limekuwa la upande wa pili. Mwaka 1994, katika shauri la Madhuri Patil, Mahakama ya Juu iliagiza kuundwe kamati za kuchunguza vyeti, na miongoni mwa vipimo vyake kikawamo cha ufanano: je, mdai anazijua mila, ibada na desturi za maziko za kabila analolitaja? Sheria ya jimbo la Maharashtra ya mwaka 2001 ikamtwika mdai mzigo wa kuthibitisha. Ndipo mtoto aliyekulia mjini akaweza kuambiwa kuwa si wa babu yake kwa kuwa haujui wimbo wa babu yake. Machi 2023 mahakama hiyohiyo ilitamka kuwa kipimo cha ufanano si kipimo cha kukata shauri.

Mashauri haya mawili ni sura mbili za kosa moja. Otieno alinyimwa ruhusa ya kutoka, hata maisha yake yaseme nini. Mdai wa India alinyimwa ruhusa ya kuingia, hata damu yake iseme nini. Katika yote mawili mtu amesomwa kama mhusika wa hadithi ambaye msomaji amekwisha kumpangia tabia. Mhakiki anayefanya hivyo huharibu kitabu tu; hakimu huharibu maisha. Wasuba wakipimwa kwa lugha wanayozungumza, wataonekana hawapo.

Pingamizi na Jibu Lake

Yaweza kupingwa kwamba bila uchunguzi mwongo atakula haki ya aliyedhulumiwa. Pingamizi hili lina nguvu, wala halifai kupuuzwa: cheti cha uongo nchini India humwibia maskini halisi nafasi ya chuo. Hata hivyo lazima itofautishwe karatasi inayofidia dhuluma na karatasi inayomtambua mtu kuwa yupo. Ya kwanza ni dai dhidi ya wengine, na anayedai ni haki aulizwe. Ya pili si dai. Kijana wa Kinubi nchini Kenya aliyepigwa msasa na kamati, akitakiwa kuleta hati za babu yake ili apewe kitambulisho, hakuomba upendeleo. Mwaka 2011 Kamati ya Wataalamu ya Afrika kuhusu Haki na Ustawi wa Mtoto iliona kuwa Kenya imekiuka haki za watoto wa Kinubi, kwani hali yao ya uraia iliachwa katika mashaka hadi utu uzima. Jirani yake mwenye jina lisiloshukiwa hana hati za babu vilevile. Tofauti ni kwamba hakuulizwa.

Hitimisho

Wahenga walisema mwacha asili ni mtumwa. Methali hiyo humwonya anayeiacha asili yake. Haikumpa mtu mwingine mamlaka ya kumvua mwenzake asili, wala ya kumfunga nayo. Panapodaiwa fidia, mdai na alete ushahidi, lakini usiwe wa kucheza ngoma mbele ya kamati. Panapohusika kutambuliwa tu, mwenye shaka ndiye athibitishe shaka yake. Sababu ni ileile iliyotajwa mwanzoni: mzee wa kamati naye hakushuhudia kuzaliwa kwake, naye anaishi kwa kuaminiwa. Kumnyima mwenzake imani hiyo ni kudai deni ambalo yeye mwenyewe hajawahi kulilipa.