Umma Haujengwi kwa Nasaba: Mazingatio Kutoka Gotu

Bismillahir Rahmanir Rahim.

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, aliyetujaalia kuwa mataifa na makabila ili tujuane. Na sala na amani zimfikie Bwana wetu Muhammad, na aali zake, na sahaba zake. Ama baada ya hayo:

Ndugu zetu Waislamu, katika mabaraza yetu ya mjini kuna neno lililozoeleka hata wasemao hawauoni ubaya wake. Akitajwa Muislamu wa bara, khasa wa nchi kavu za kaskazini, huulizwa: "Wale nao wamesilimu lini?" Swali hili haliulizwi kwa kutaka ilimu. Muulizaji amekwisha kujipa jibu moyoni mwake, kwamba Uislamu wa karne nyingi una daraja kuliko Uislamu wa miaka mia, na kwamba sisi tuna historia na wenzetu hawana. Tumependa leo kulipima neno hili kwa mizani ya dini, na mfano wetu utakuwa Gotu.

Gotu ni kijiji kidogo kando ya mto Ewaso Nyiro, katika kaunti ya Isiolo. Mto huo huteremka na maji ya nyanda za juu, ukakata nchi ya ukame, ukenda kuishia katika kinamasi cha Lorian. Waborana wa sehemu hizo huuita Waso, na wenyewe hujulikana kuwa ni Waborana wa Waso. Ni watu wa mifugo, na leo ni Waislamu.

Basi wamesilimu lini? Na tujibu, maana jibu lina mafunzo. Waborana tangu kale walikuwa na mila yao ya Gada, yenye sheria, viongozi na maombi yake. Na amani, ambayo kwa lugha yao huitwa nagaa, ilikuwa ndio msingi wa salamu na dua zao. Mwanzoni mwa miaka ya 1930 serikali ya kikoloni iliwaondosha wengi katika visima vya Wajir, ikawahamishia nchi ya Isiolo. Wakawa mbali na wazee waliosimamia ibada zao za kale, na karibu na wafanyabiashara na walimu wa Kisomali. Katika mji wa Isiolo wenyewe walikuwako Wasomali waliokuwa askari katika Vita Vikuu vya Kwanza, wakapewa makaazi hapo. Kidogo kidogo watu wa Waso wakaanza kusali, kufunga, kuozana na kuzikana kwa sharia. Mtaalamu wa Kiingereza P. T. W. Baxter, aliyekaa na Waborana mwanzoni mwa miaka ya 1950, aliandika kuwa wa Isiolo waliupokea Uislamu, na ndugu zao wa Marsabit wengi waliukataa.

Na tuzingatie hapa. Watu hawa damu yao ni moja, lugha yao ni moja, na jadi yao ni moja. Lau kama umma ungekuwa ni matunda ya nasaba, wangekwenda njia moja wote. Kilichowafanya watu wa Waso kuwa jamaa ya Kiislamu ni mambo waliyoyafanya pamoja, siku baada ya siku, mpaka mtoto akazaliwa asijue nyumba isiyoadhiniwa. Hapo ndipo historia yao ya dini ilipoanzia, na hapo ndipo kila historia ya dini huanzia.

Mwenye shaka na atazame kalenda yake. Sahaba walipotaka kuweka mwaka wa Kiislamu, katika ukhalifa wa Sayyidna Umar, walikuwa na mambo mengi ya kuanzia hesabu: kuzaliwa kwa Mtume, kupewa kwake Utume, kufariki kwake. Hawakuanza na kuzaliwa. Waliafikiana kuanza na Hijra, safari ya mwaka 622, watu walipoacha majumba na jamaa zao wakenda kuishi pamoja kwa ajili ya Mwenyezi Mungu. Kwa hivyo kila tuandikapo tarehe ya Hijra katika barua au katika hati ya ndoa, tunashuhudia kuwa umma huu ulihesabu umri wake kutoka kwa watu waliohama. Vipi basi tuwadharau watu wa Waso, ambao Uislamu wao nao umekulia katika kuhamishwa?

Na Mtume, rehema na amani zimshukie, alipofika Madina alifunga udugu baina ya Muhajirina na Ansari. Saad bin Rabii alimtolea Abdurrahman bin Auf nusu ya mali yake. Abdurrahman akamuombea baraka, akataka aonyeshwe soko tu. Mmoja alitoa bila ya kusimbulia, na mwengine alipokea udugu bila ya kuugeuza kuwa mzigo. Hakuna aliyemuuliza mwenziwe amesilimu lini.

Tena na tujiulize sisi wenyewe wa pwani swali lile lile. Huko Shanga, katika kisiwa cha Pate, wachimbaji wa mambo ya kale wamekuta athari za misikiti midogo tangu karne ya 8. Kizimkazi, Unguja, kuna maandishi ya Kikufi ya mwaka 500 wa Hijra, nao ni mwaka 1107. Haya ni mambo ya kushukuriwa. Lakini msikiti wa kwanza wa Shanga ulikuwa kijumba cha miti, na waliousali walikuwa wachache katikati ya wengi. Na mwaka 2023 wataalamu waliochunguza mifupa katika makaburi ya kale ya pwani walitoa khabari kuwa asili ya wengi wao ni mchanganyiko: sehemu kubwa kwa mama zao wa Kiafrika, na sehemu kwa baba zao wa Asia, khasa Waajemi. Basi bibi zetu nao walisilimu siku moja, na kabla ya siku hiyo waliulizwa na wengine: "Hawa ni nani?" Anayemcheka aliyesilimu jana anamcheka bibi yake mwenyewe.

Lakini watu hawaunganishwi na neema peke yake; huunganishwa pia na msiba. Mwezi wa Desemba 1963 ilitangazwa hali ya hatari katika nchi za kaskazini, na vita vilivyoitwa vya shifta vikaendelea mpaka 1967. Watu wa Waso walikusanywa katika kambi, kama zile za Garba Tula na Merti. Wanyama walikufa au waliuawa kwa wingi, na matajiri wa mifugo wakawa mafakiri. Wenyewe huziita zama hizo Gaafa Daaba, kwa maana ya wakati mambo yaliposimama. Mwaka 1970 Bunge lilipitisha sheria ya kuwakinga na mashitaka waliotenda hayo kwa jina la serikali. Ilikuwa 2013 ndipo Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ilipotoa ripoti iliyoyataja mateso ya watu wa kaskazini. Aliyekuwa kijana katika kambi zile sasa ni mzee, na wengi wao wamekwisha kutangulia mbele ya haki.

Ndugu zetu, kumbukumbu ya msiba ni amana, nayo ina khatari mbili. Ya kwanza ni kuisahau, vijana wakawa hawajui baba zao walisubiri nini. Ya pili ni kuifanya kuni za chuki, kila jirani akawa adui kwa kosa la waliokwisha kufa. Hapo Gotu Waborana ni majirani wa Waturkana, na hifadhi ya Nakuprat-Gotu inawakusanya wote wawili juu ya malisho na wanyama wa pori. Dini zao si moja, na maji wanayoyahitaji ni yale yale. Mtume wetu katika mkataba wa Madina aliwaingiza Mayahudi pamoja na Waislamu, kila watu na dini yao, na ulinzi wa mji juu ya wote. Kwa hivyo kujijua wewe ni nani hakukulazimishi kumkana asiyekuwa wewe. Na Muborana wa Waso hana haja ya kumtukana babu yake aliyeomba amani kwa lugha ya Gada, wala ya kumkata ndugu yake wa Marsabit. Kuunga kizazi ni wajibu, hata kwa jamaa asiyekuwa Muislamu.

Basi yatupasa nini? Tunataja mambo matatu.

La kwanza, wenye kusoma na waandike. Kila msikiti na kila chuo kiwe na daftari: nani aliujenga, nani alisomesha, nani aliozesha na kuzika. Mzee akifa bila ya kuulizwa, amezikwa na kitabu chake.

La pili, watoto wetu wa pwani wafundishwe historia ya Waislamu wa bara kama wafundishwavyo ya Lamu na Unguja, ili wakikutana na kijana wa Isiolo wamuone ndugu, wala si mgeni wa kuhurumiwa.

La tatu, mwalimu atokaye kwetu kwenda huko aende kusomesha na kusoma. Asiende na mila za mtaa wake akazivisha joho la dini, wala asidhani kuwa lafudhi yake ndiyo ilimu. Atawakuta watu waliosali katika njaa na katika kambi, na kwa hilo wao ndio walimu wetu.

Siku ya Kiyama hatutaulizwa babu zetu walisilimu mwaka gani. Tutaulizwa tuliufanya nini Uislamu tuliorithishwa. Mwenyezi Mungu atuunganishe nyoyo zetu, awarehemu waliotangulia wa Gotu na wa pwani, na atujaalie tuwe miongoni mwa wasikiao neno wakafuata lililo jema. Amin.

Wabillahi tawfiq.