Dirisha la Abimeleki

Somo: Mwanzo 26:8–11

Jumapili iliyopita nilipotaja vichekesho vya maharusi wa Kihindi, vijana wa viti vya nyuma walicheka kabla sijamaliza sentensi. Basi mnavijua. Kwa wazee wetu niseme kidogo: hizi si zile picha za Kihindi mlizokuwa mkitazama Mombasa, wala si tamthilia za Zee World ambazo mama zetu hapa Voi hawakosi. Hizi ni za simu. Bwana na bibi wapya, nyumba imejaa wakwe, kitanda kinalia, na kamera haitoki chumbani. Serikali ya India yenyewe ilichoka. Machi 2024 ilifungia majukwaa 18 kwa sababu ya uchafu, na Julai 2025 ikafungia mengine 25, yakiwemo Ullu na ALTT. Si wachungaji waliofungia, ni wizara. Lakini vipande vishafika Sofia, vishafika Mwatate, watu wanatumiana kwa WhatsApp.

Sasa turudi kwenye somo. Isaka na Rebeka wako Gerari. Isaka kwa kuogopa amesema huyu ni dada yangu. Siku moja mfalme Abimeleki anatazama dirishani, anawaona wakicheza, na mara moja anajua hawa si ndugu. Kumbuka jina lenyewe la Isaka linatokana na kucheka. Kwa hivyo mtu asiniambie ati Biblia inakataza mume na mke kuchekeana chumbani.

Angalia mfalme alivyofanya. Hakuita majirani. Hakutoza kiingilio. Alimwita Isaka, akamkemea kwa uongo wake, kisha akaamuru kwamba atakayemgusa mtu huyu au mkewe atakufa. Mpagani ameona ndoa ya watu, akaiwekea ulinzi! Mimi nilisomea biashara, na nawaambia hawa wa majukwaa wamegeuza dirisha likawa duka. Onja kipande bure, lipia kilichobaki, na cha wiki ijayo lazima kiwe kikali zaidi, la sivyo hurudi.

Dada mmoja, ndoa yake haijamaliza mwaka, alimjia mke wangu akilia. (Ameturuhusu kusema, bila jina.) Mumewe anafanya kazi mbali, anakuja mwisho wa mwezi. Akija anamwonyesha simu: "Mbona wewe hauko hivi?" Akasema, "Mama, siku hizi naona aibu hata kubadilisha leso mbele yake."

Jamani, nusu ya lawama ni yetu. Mimi na mke wangu tulipofundishwa kabla ya harusi, tulipewa pesa, wakwe na maombi. Tulipofika chumbani, mzee alikohoa, akasema hayo mtajua wenyewe. Zamani shangazi na nyanya walikuwa na kazi hiyo. Siku hizi kazi wameachiwa hao wa simu.

Kumbukumbu la Torati 24:5 inampa bwana mpya mwaka mzima nyumbani, bila vita wala shughuli nyingine, amfurahishe mkewe. Mwajiri wako hatakupa mwaka, najua. Lakini kaka, zile siku mbili za mwisho wa mwezi, simu ifungie kabatini.

Ijumaa hii baada ya maombi ya jioni, wanandoa wa chini ya miaka mitatu tubaki kanisani. Wanaume wakae na mimi, akina dada na mke wangu. Tutaongea wazi. Watoto waacheni kwa nyanya zao.