Taka Zetu na Jirani wa Bondeni



Sisi wa Igogo tumejenga kwenye mteremko, kati ya mawe. Mvua kubwa inaponyesha, wapo kati yetu wamwagao takataka mferejini na kusema, "Mvua itazichukua." Ni kweli, huzichukua. Lakini huzipeleka wapi? Huzipeleka mlangoni kwa jirani wa bondeni, na mwisho katika Ziwa Victoria, ambalo maji yake twayanywa.

Basi tujiulize: je, kitu tulichokitupa kimekwisha kuwa si chetu? Mwanasheria mmoja alimwuliza Bwana jirani yake ni nani, akajibiwa kwa habari ya mtu aliyeumizwa njiani. Huenda sisi jirani yetu ni yule ayapokeaye maganda yetu ya ndizi bila kuyaomba.

Hatuna haja ya kutafuta walimu mbali. Katika kisiwa cha Ukara, kaskazini ya Ukerewe, tangu enzi za mababu Wakara walifuga ng'ombe ndani ya nyumba, wakawaletea majani, wakaikusanya samadi na kuirudisha shambani. Ardhi yao ilikuwa ndogo na watu walikuwa wengi. Kisiwani hakuna "huko mbali" pa kutupia kitu. Wala Igogo hakuna.

Atasema mtu, "Nimepanga chumba, sina shamba." Ndoo mbovu iliyotobolewa matundu chini yatosha. Weka majani makavu, kisha maganda na mabaki ya mboga, kisha udongo kidogo. Rudia hivyo hadi ijae. Iwe na unyevu kama kitambaa kilichokamuliwa, nawe uigeuze kila juma. Nailoni isiingie, wala matumbo ya samaki, maana huita nzi na panya. Tena ifunikwe, tusije tukamwokoa jirani wa bondeni na kumwudhi wa ukuta wa pili. Baada ya miezi mitatu au zaidi kidogo itanukia udongo, nayo ni mboji njema kwa mchicha.

Wale elfu tano waliposhiba, Bwana aliagiza makombo yakusanywe, yakajaa vikapu 12. Yeye aliyeweza kuzidisha mikate hakuwa na shida ya makombo. Alitaka sisi tujifunze kutopoteza.

Nasi tuandikao haya twaungama: tumemwaga mara nyingi, tena gizani. Tutubu pamoja, na toba yetu ianze juma hili kwa ndoo moja.